Chungu cha Dawa Hakisalimii Njiani

Wenzangu wa kikundi, mmenitaka niandike. Mmesema tangu nilipoacha kuumba vyungu, mkikwama mnaulizana, "Dada Zaina angefanyaje?" na kila mmoja anajibu la kwake. Basi naandika, ili mkikosea mkosee kwa pamoja. Habari za bei, na za nani alikuwa mwenyekiti mwaka gani, sitaziandika. Bei mnazijua, na wenyeviti wanajijua.

Kilichostaafu kwanza ni magoti. Mikono yangu bado inajua kazi, lakini ufinyanzi ni kuchuchumaa na kuinuka, na mtu anayeinuka kwa kushika ukuta hawezi kubeba chungu kibichi. Nilikiacha cha mwisho kikiwa hakijang'arishwa, mkakimalizia nyinyi. Nimeambiwa kimeuzwa. Sikuuliza kimenunuliwa na nani.

Sikuingia kazi hii kwa kuipenda. Niliingia kwa sababu ya nyumba. Mama alifariki mvua zikianza, baba akamfuata mtama ukiwa bado haujakomaa. Tulibaki wanne katika nyumba ya tembe, yenye paa la udongo, hapa Mtinko: mimi mkubwa, kisha Ramadhani tunayemwita Rama, kisha Mwanahamisi ambaye wote tunamwita Mwana, na Iddi ambaye alikuwa bado ananyonya kidole. Mimi nilikuwa darasa la sita. Niliacha shule, na daftari zangu zilizobaki kurasa akazitumia Rama.

Baada ya arobaini ya baba, ukoo ulikaa uani kwetu. Mwenye neno la mwisho alikuwa baba mkubwa Salimu, kaka yake baba. Alitugawa kwa utulivu, kama mtu anayegawa mbegu. Rama angeenda kwake kuchunga ng'ombe. Mwana angechukuliwa na shangazi yetu wa Ikungi. Iddi angepelekwa kwa ndugu za mama huko Iramba. Mimi ningekaa kwa mama mkubwa, yaani mkewe, nikisubiri kuolewa. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu wa mpango, na sisi tulikuwa tumeharibu mpango wake kwa kufiwa.

"Baba mkubwa," nilisema, "naomba tubaki hapa hapa."

"Mtakula nini?"

"Nitafanya kazi."

"Kazi gani?"

Wazee wengine walitazama chini, wakiona haya kwa niaba yangu. Nadhani ilikuwa huruma ya ghafla iliyomfanya aseme, "Haya. Mpaka mavuno. Baada ya mavuno tutakaa tena hapa. Nikikuta watoto wana njaa, au nikisikia aibu moja kutoka nyumba hii, kila mmoja atakwenda nilikosema."

Kesho yake asubuhi nilikwenda kwa Bibi Marita.

Wengi wenu hamkumwona. Alikuwa Mnyiramba aliyeolewa huku, mjane, Mkristo wa kwenda kanisani kila Jumapili hata akiwa na homa, na ulimi wake ulikuwa mkali kuliko pilipili. Vyungu vyake vilipikiwa kila nyumba niliyoijua. Nilimkuta amekaa juu ya gunia, miguu ameinyoosha, chungu kibichi katikati.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Umekuja kununua au kuomba?"

"Kujifunza."

"Lete mikono." Aliigeuza kama anayekagua viazi. "Mikono ya shule hii. Haya, pale kuna vyungu vilivyovunjika. Vioshe."

"Si vimeshavunjika, bibi, vya nini tena kuviosha?"

"Umeshaanza kunifundisha?"

Nikaviosha. Ndivyo ilivyokuwa siku yangu ya kwanza, na siku kadhaa zilizofuata. Baadaye akanipa jiwe la kusagia, nikasaga vigae vile mpaka vikawa chengachenga, nikachunga, nikasaga tena yaliyobaki. Ndipo akanionyesha kazi yake. Udongo wa mbugani ukiwa peke yake una kiburi: ukikauka unajivuta, na motoni unapasuka. Ukichanganywa na chengachenga za chungu cha zamani, unatulia. "Hizi zimeshapita motoni," alisema. "Zinawaambia wenzao wasiogope."

Nyinyi siku hizi mnachanganya mchanga wa mtoni kwa sababu ni rahisi. Kwa mtungi wa maji sawa. Kwa chungu cha kupikia, sageni vigae. Nimesema mara nyingi, sasa nimeandika.

Udongo wenyewe aliupima kwa kidole. Alifinyanga kamba nyembamba, akaizungusha kwenye kidole chake cha shahada. Ikipasuka mgongoni, udongo unarudi mbugani. Ikikubali kukumbatia kidole, unakuja nyumbani. Vifaa vyake vyote vilienea katika kikapu kimoja: kipande cha kibuyu cha kulainishia tumboni mwa chungu, gunzi la kuchorea shingo, kitambaa cha kulowesha mdomo, na jiwe la kung'arishia, jeusi, dogo, lililotoka kando ya ziwa kule mjini. Jiwe lile hakuna aliyeruhusiwa kuligusa. Mimi niliruhusiwa kulitazama.

Nyumbani tuligawana kazi. Rama alileta udongo na kuni. Mwana alipika. Iddi alikanyaga udongo kwa miguu, kazi aliyoipenda kupita kiasi, na tulipomkuta mdomo mweusi tulijua alikuwa anaupunguza pia. Watoto wa jirani walituita "watoto wa chungu". Rama alikuwa anapigana nao. Nilimwambia, "Waache, kwani uongo?"

Vyungu vyangu vya kwanza vilipasuka vyote kabla hata ya kuonja moto. Nilimpelekea Bibi Marita vipande.

"Ulivianika wapi?"

"Nyuma ya nyumba, bibi, penye upepo. Vikauke haraka."

"Ehe. Na mtu akipigwa kofi shavu moja, linavimba lipi?"

Upepo wetu wa Singida mnaujua. Unakausha upande mmoja wa chungu, ule mwingine bado una maji, basi pande hizo zinavutana mpaka zinaachana kama mtu na mkewe. Vyungu vikaukie ndani, chini, vimefunikwa nyasi, na vigeuzwe. Na kuchoma ni alfajiri, upepo ukiwa haujaamka. Kwanza mnavipasha kwa moto mdogo, kisha samadi kavu na kuni, kisha nyasi juu. Usichokoe moto kwa sababu unataka kuona. Chungu hakipendi kuchunguliwa. Kikipoa, kigonge kwa kifundo cha kidole. Kizima kinalia. Chenye ufa kinakohoa.

Mtama ulipokuwa unakomaa nikaanza kutoa vyungu vinavyolia. Nilibadilishana kwa unga, kwa maharage, kwa alizeti. Tulikula. Mwana alipika mlenda kwenye chungu cha mkono wangu mwenyewe, na tulipoonja kila mmoja aliinamia chakula chake, maana tulikuwa tunaogopa mmoja wetu asije akalia.

Sasa niseme habari ya chungu cha dawa, kwa kuwa ndiyo mliyoniuliza zaidi.

Chungu cha chakula hulishwa kabla ya kutumika. Mnachemsha humo uji mwepesi wa mtama, mnaumwaga, mnakiacha kipoe chenyewe. Uji unaziba vinyweleo, na chungu kinazoea. Chungu cha dawa hakilishwi. Kinakwenda kwa mganga kikiwa hakijajua chakula wala chumvi, kwa sababu udongo unakumbuka. Ukipika nyama yenye chumvi humo leo, mwezi ujao mizizi itakuwa na ladha ya nyama ile. Kwa hiyo kinatoka motoni, kinafunikwa majani mdomoni, kinabebwa na mfinyanzi mwenyewe. Na hapa Bibi Marita alikuwa na sharti alilokuja nalo kutoka kwao Iramba: aliyebeba chungu cha dawa hasemi na mtu mpaka akiweke chini kwa mganga. Haulizwi, hajibu, hasalimii.

"Kwa nini, bibi?"

"Kwa sababu mgonjwa ameagiza dawa, hakuagiza umbea wa njiani."

Nilidhani ni maneno tu. Nimebeba vyungu vya dawa vingi tangu hapo, na nimeona sharti lile lina akili. Anayesimama kusalimiana hushusha mzigo, na anayeshushashusha chungu hukivunja. Lakini zaidi ya hilo, kwetu salamu haiishii kwenye salamu. Ukishasema shikamoo utaulizwa unatoka wapi, unakwenda wapi, na hicho kichwani ni cha nani. Mtu anayeumwa ana haki ya kuumwa bila soko zima kujua.

Karibu na mavuno, mama mkubwa alikuja kwa Bibi Marita amejifunika khanga mpaka machoni. Aliponiona pale alishtuka, kisha akakaa. Aliagiza chungu cha dawa, cha wastani, chenye mdomo mpana wa kutolea mvuke, kipelekwe kwa Mzee Msengi. Mzee huyu alikuwa mganga wa mizizi, kwake ni ng'ambo ya soko. Mama mkubwa hakusema anaumwa nini. Alisema tu, "Zaina, baba yako mkubwa asijue."

Nilijua kwa nini. Zamani baba mkubwa alipotelewa na fahali, mpiga ramli mmoja akamtaja jirani yake. Waligombana mpaka jirani akahama, kisha fahali akaonekana amekwama kwenye korongo. Tangu siku ile alikataza mtu wa nyumba yake kukanyaga kwa mganga yeyote.

"Chungu hiki utakiumba wewe," Bibi Marita aliniambia mama mkubwa alipoondoka.

"Mimi, bibi? Kikipasuka je?"

"Utaumba kingine. Umekuja kwangu kutazama?"

Hakikupasuka. Nilipokigonga kililia vizuri kuliko vyote nilivyowahi kuumba. Nikakifunika majani, nikaweka ngata kichwani, nikaondoka asubuhi ya siku ya mnada, njia zimejaa watu, kwa sababu ndiyo siku chungu kilikuwa tayari. Leo ningesubiri kesho yake.

Penye mashine ya kusaga, baba mkubwa alikuwa amekaa kwenye benchi na wazee wa rika lake. Hapakuwa na njia nyingine. Aliniona kwa mbali.

"Huyo ndiye mtoto wa marehemu mdogo wangu," aliwaambia, na sauti yake ilikuwa na fahari kidogo, jambo lililonichoma zaidi. "Zaina! Njoo usalimie wazee."

Nilikunja goti kidogo, kadiri chungu kilivyoniruhusu, nikaendelea kutembea.

"Zaina!"

Nikatembea.

"We, Salimu," mmoja akacheka, "huyo ni wa mdogo wako kweli, au umemfananisha?"

"Labda siku hizi mfinyanzi ndiye anayeamkiwa," akasema mwingine.

Sikugeuka. Nilisikia benchi zima likicheka, isipokuwa sauti ya baba mkubwa. Nilifika kwa Mzee Msengi shingo imekakamaa, nikaweka chungu chini, na neno la kwanza nililotoa halikuwa hata salamu. Nilisema, "Nimeharibu."

Nilirudi mbio penye mashine. Benchi lilikuwa tupu. Nilikwenda kwake jioni, nikaambiwa amelala. Kesho yake nikaambiwa amekwenda shamba. Mtu wa mpango akiamua hakuoni, hakuoni mpaka siku aliyoipanga.

Mavuno yakaisha. Ukoo ukakaa tena uani kwetu, na shangazi alitoka Ikungi na mfuko mtupu wa kubebea nguo za Mwana. Baba mkubwa alikwenda kwanza kwenye kihenge, akachungulia. Akamshika Iddi mkono, akaubonyeza. Akarudi kukaa.

"Watoto wameshiba," alisema. "Sikatai. Mtama upo. Lakini nilisema mambo mawili, njaa na aibu. Msichana huyu amenipita mbele ya wazee wenzangu kama anapita kisiki. Nimemwita mara mbili. Asiyeamkia wakubwa atawalea wadogo zake wawe nini?"

Watu wakaguna. Kwetu hilo si jambo dogo, mnajua.

"Zaina, ulinisikia nikikuita?"

"Nilisikia, baba mkubwa."

"Ulikuwa bubu?"

"Nilikuwa nimebeba chungu cha dawa. Kwa Bibi Marita, anayekibeba hasemi mpaka akiweke chini."

"Sharti la wapi hilo? Nimezaliwa hapa, nimezeeka hapa, sijalisikia."

"La Wanyiramba hilo," mzee mmoja akasema.

"Sisi ni Wanyiramba?" Akanigeukia. "Haya, tuseme ni kweli. Chungu kilikuwa cha nani?"

Mama mkubwa alikuwa amekaa na wanawake wenzake karibu na mlango. Sikumtazama. Nilitazama mikono yangu, ambayo haikuwa tena ya shule.

"Nisamehe, baba mkubwa. Hilo sisemi."

"Mnaona? Kwanza kunyamaza njiani, sasa na siri za watu mbele ya kikao. Basi. Nilichosema mwanzo ndicho. Mwana, kusanya nguo zako, shangazi yako anaondoka kesho. Rama, wewe unakuja kwangu leo."

Mwana alishika pindo la khanga yangu. Hakulia. Alilishika tu, kama anayetaka kulipima. Rama aliingia ndani.

"Kilikuwa changu."

Watu waligeuka. Mama mkubwa alikuwa anajaribu kuinuka na hawezi, mkono mmoja kwenye bega la jirani yake.

"Nini chako?" baba mkubwa akauliza.

"Chungu. Nilikiagiza mimi. Nilimwambia mtoto usijue, naye kafanya nilivyomwambia."

"Nilikataza waganga nyumbani kwangu."

"Ulikataza wapiga ramli, Baba Saidi. Mzee Msengi hapigi ramli, anachemsha mizizi. Magoti yangu yamekufa tangu masika. Unaniona naswali nimekaa, unadhani ni uvivu. Ungeniuliza ningekwambia. Hukuniuliza."

Na hapo mzee mmoja wa lile benchi la mashine, ambaye alikuwa amealikwa kama shahidi, akaanza kucheka polepole.

"Salimu," alisema, "kumbe siku ile ulikuwa unagombana na dawa ya mkeo."

Wengine wakacheka, kwanza kwa mikono midomoni, kisha bila mikono. Hata shangazi alicheka, na mfuko wake magotini. Baba mkubwa aliwaacha mpaka wakachoka. Alikuwa anamtazama mkewe, na sidhani kama alikuwa anawasikia.

"Zaina," akasema mwishowe.

"Abee, baba mkubwa."

"Kichwani sasa hivi una nini?"

"Sina kitu."

"Basi nasubiri."

Sikuelewa. Mama mkubwa akaninong'oneza, "Mwamkie, mtoto." Nikapiga magoti.

"Shikamoo, baba mkubwa."

"Marahaba. Hiyo ni ya leo. Ya siku ile?"

"Shikamoo, baba mkubwa."

"Marahaba. Sasa tumelingana." Akamgeukia shangazi. "Dada, kunywa uji wako urudi Ikungi salama. Mfuko huo utiwe mtama, usiende mikono mitupu. Watoto hawa wana nyumba."

Rama alitoka ndani akiwa tayari na fimbo ya kuchungia mkononi. Ikabidi aambiwe airudishe.

Mama mkubwa aliendelea na ile dawa, safari hii mumewe akimchemshia maji mwenyewe na kulalamika kuhusu moshi. Alisema alipata nafuu. Mimi si mganga, nilitengeneza chungu tu. Labda ilikuwa mizizi, labda mvuke, labda ilikuwa kuulizwa.

Miaka iliyofuata ilikuwa ya kazi, na kazi ikienda vizuri haina hadithi nyingi. Bibi Marita alipokaribia kuondoka duniani alinipa lile jiwe jeusi. Alisema, "Ulikuwa unalitazama sana." Hayo ndiyo maneno matamu kuliko yote aliyowahi kuniambia, na sikutarajia mengine.

Sufuria zikaja, kisha ndoo za plastiki, na kuna misimu tuliyouza vyungu vya maua tu kwa watu wa mjini. Msidharau vyungu vya maua. Vilisomesha watu. Baadaye watu wakakumbuka kwamba maharage ya sufuria hayana ladha ya maharage, wakarudi kimyakimya kama waliokuwa safarini. Mama lishe mmoja wa Mwankoko alitaka vyungu vya kupikia mlenda na kuku wa kienyeji kwa jiko la gesi. Vya kwanza vilipasuka matako. Nilikwenda kwake nikakaa jikoni kutwa, nikaona: moto wa gesi unachoma sehemu moja, haukumbatii chungu kama kuni. Tukapunguza unene chini, tukaongeza chengachenga, tukamwambia aanze na moto mdogo na asimimine maji baridi kwenye chungu cha moto. Huyo bado ni mteja wenu. Mtunzeni, anaongea sana lakini anawatangaza.

Jambo moja zito nataka lisisahaulike. Alikuja mama mmoja na mtoto mgongoni, mtoto anawaka homa, macho yanageuka, anataka chungu cha dawa haraka. Kilikuwapo kimoja tayari. Sikumpa. Bibi Marita alinifundisha hivi: chungu kina mwendo wake, na mtoto wa namna hiyo hana muda wa mwendo wa chungu. Nilimfuata mwenye pikipiki, tukampeleka zahanati. Nilipomweleza Mzee Msengi, nikidhani atakasirika kwa kukosa mgonjwa, alisema, "Mimi nina mizizi. Sina sindano. Umefanya vizuri." Mtoto yule sasa ana ndevu, na ananidai niwe namwita kwa jina kamili. Chungu cha dawa ni cha magonjwa yenye subira: magoti, mgongo, mafua ya kujifukiza. Msimuuzie mtu mwenye haraka.

Na wadogo zangu mnawajua. Rama ni fundi wa matofali, na bado anaamini udongo wake ni bora kuliko wetu. Iddi anaendesha lori la alizeti na vitunguu. Mwana alibaki katika nyumba yetu hapa Mtinko. Wengine waliondoka katika nyumba ile mmoja mmoja, kwa kazi na kwa harusi, kila mmoja kwa mguu wake na kwa siku aliyoichagua. Hakuna aliyegawiwa. Mimi niliolewa nimechelewa, na mume wangu, Mungu amrehemu, alikuwa na busara ya kutogusa kikapu changu. Sasa nimerudi kukaa na Mwana katika nyumba ile ile. Ina mabati siku hizi, na mvua ikinyesha hatusikilizani, jambo ambalo kwa dada wawili wazee si baya.

Jiwe jeusi nimempa Rehema, binti wa Mwana. Yeye hakuwa analitazama. Alikuwa analiazima bila kuomba, na ndiyo maana nikaona ni lake.

Wiki chache zilizopita nilikuwa penye mashine ya kusaga nasubiri unga, kwenye benchi. Si benchi lile, lile liliisha zamani. Nimekaa na wanawake wenzangu wa umri wangu, tunasema magonjwa yetu. Rehema akatokea upande wa juu wa njia, ngata kichwani, chungu juu yake, mdomo wa chungu umefunikwa majani. Alikuwa anaelekea kwa mtoto wa Mzee Msengi, aliyerithi mizizi ya baba yake.

Alituona. Alikunja goti kidogo, kadiri chungu kilivyomruhusu, akapita.

"Huyo si wa mdogo wako?" mwenzangu mmoja akasema. "Rehema! We Rehema! Watoto wa siku hizi, kweli? Hata shikamoo?"

"Mwache," nilisema.

"Nimwache? Amekupita wewe, mama yake mkubwa, kama kisiki!"

"Amepita vizuri. Angalia shingo yake ilivyonyooka."

Mwenzangu alinitazama kama mtu aliyeanza kupoteza akili. Sikumweleza. Niliutazama mgongo wa Rehema mpaka ulipopotea nyuma ya maduka, na nikajikuta natabasamu na unga wa watu wengine umejaa usoni.

Unga wangu ulikuwa umeshafungwa aliporudi. Ngata alikuwa ameishika mkononi. Alikuja moja kwa moja mbele ya benchi, akapiga magoti vumbini, wala hakujali nguo.

"Shikamoo, mama mkubwa."

"Marahaba," nikasema, nikangoja.

Rehema amekulia nyumba ile, kikao kile amesimuliwa kabla hajajua kutembea. Akacheka, akainamisha kichwa tena.

"Shikamoo, mama mkubwa. Hii ni ya njiani."

"Marahaba, mwanangu."

Sikumwuliza chungu kilikuwa cha nani. Aliweka mfuko wa unga kichwani, juu ya ngata ile ile, akanipa mkono niinuke, tukaenda nyumbani.